Makofi ya Al-Malqa

Jumanne, tarehe 14 Machi 2017, wageni wakiwa sebuleni, Rosebellah alianguka mbele yao katika nyumba moja ya Al-Malqa, Riyadh, nao wakampigia makofi.

Mumewe, Dalmas, alikuwa Jeddah, kwenye usukani wa gari la bosi wake, akingoja watoto wa watu watoke shule. Habari alipewa kwa simu na Monicah, aliyefanya kazi nyumba moja na Rosebellah.

"Shemeji, tulidhani ni Verna," Monicah akasema, akaanza kulia.

Verna Halloway alikuwa mwigizaji wa Amerika, wa enzi za picha zisizo na rangi. Mama yake kafili, mwajiri aliyemdhamini Rosebellah na kushika hati zake, alikuwa bibi mzee asiyeweza kutembea; aliwahi kuishi huko ujanani, akarudi na sinema za Verna kama mtu aliyerudi na dhahabu. Kila alasiri zikiwekwa, Rosebellah alimkanda miguu huku akisimuliwa. Ijumaa akipewa simu, naye anamsimulia Dalmas.

"Baba Stacy, huyu mama walimwonea! Alianza msichana mdogo, uso mzuri. Wakubwa wa sinema wakaona anajua kufa. Basi kila picha anakufa. Mara kifua kikuu, mara risasi, mara maji. Akikataa anaambiwa, una mkataba."

"Kumbe alikuwa na kafili!"

"Kabisa! Uso ulipochoka wakamtupa. Akaenda kwenye runinga, na huko pia ni kukohoa na kufa kabla ya matangazo. Lakini Bibi anasema uzeeni alipata kipindi chake, anaigiza jirani mwenye domo, kikaenda miaka, na hafi ng'o. Hapo bado hatujafika."

Rosebellah alimwiga vizuri mno. Mkono kifuani, macho juu, anashika meza, anashuka taratibu kama nguo inayoteleza kwenye kamba. Bibi anacheka mpaka machozi. Wageni wakija, anaitwa afe. Madam, mke wa kafili, ambaye siku zote humwita kwa kupiga vidole, siku hizo humpigia makofi. Akimaliza anainuka, anainama, anarudi kwa vyombo vyake.

Jumamosi kabla ya siku hiyo alisema kifua kinambana. Madam akajibu, "Bukra, bukra." Kesho. Kesho ikaja, ikapita, ikaja nyingine. Jumanne akatumwa na sinia ya kahawa, mkono ukaenda kifuani, vikombe vikamwagika. Bibi akapiga kelele za furaha, "Verna! Verna!" Makofi yakajaa sebule.

"Tukangoja ainuke ainame," Monicah akasema. "Tukangoja, shemeji."

Dalmas alifika Riyadh akakuta mke wake mochari na kafili hataki kutoa sahihi mwili usafirishwe. Anataka kwanza mume aseme mbele ya afisa kwamba amesamehe, hana neno na nyumba yake. Wakala aliyewaleta alimtuma Elkanah, kijana wa kwao, amtulize. Hao ndio wakubwa wetu. Wakikuchukua nyumbani wanakuita ndugu, ukifiwa wanakutumia mtoto aliyevaa tai.

"Ndugu yangu, ni neno moja tu," Elkanah akamnong'oneza kwenye benchi. "Sema, halas, yamekwisha, mama anaenda nyumbani. Ukikataa, atakaa kwenye friji hadi lini?"

"Nikisema, nani atauliza alikufaje?"

"Kwenye cheti wameandika moyo."

"Moyo hata mimi ninao, na niko hapa."

Simu ikalia. Ni Stacy, kutoka nyumbani. "Baba, nyanya anauliza Mama anafika lini." Dalmas akakata simu, akaitia mfukoni.

Wakaitwa ndani. Afisa akaweka muhuri mezani, tayari. Kafili alikuwa amekaa, anachezea tasbihi.

"Nimesamehe," Dalmas akasema. Neno likatoka kama jino. Elkanah akatafsiri haraka, muhuri ukashuka, kafili akatia sahihi yake na kusimama.

"Baba, ngoja." Dalmas akamshika mkono wa kanzu, jambo ambalo dereva hafanyi. "Neno lako umelipata. Na mimi nipe langu. Elkanah, mwambie."

Elkanah akaanza kukusanya karatasi zake. Dalmas akauliza mwenyewe, kwa Kiarabu chake cha barabarani, kafili akiwa tayari ameshika kitasa cha mlango.

"Makofi yalipoisha, mke wangu alikuwa bado anapumua?"