Mkate wa Fortunato

Siku ya Watakatifu Wote, kabla ya saa sita mchana, meza ya kuipokea roho ya marehemu Fortunato ilikuwa tayari: picha yake, miwa, kinywaji cha mahindi, na mkate wenye umbo la mtu. Roho ingefika saa sita na kuondoka kesho yake saa kama hiyo. Kabla ya hapo, hakuna kugusa.

"Mkono ukifika mezani utakutana na mkanda," Saturnina, mama wa marehemu, alimwambia mjukuu wake Elvira.

"Niachie mimi, mama," alisema Nilda, mjane wa Fortunato na mama wa Elvira. "Hatagusa."

"Miaka minne hii? Paka wangu ana subira kumshinda!"

"Akigusa, mchape."

Nilda aliyasema kama anayesoma bei za sokoni. Tangu lori litumbukie bondeni na kumuua mumewe, miezi minane sasa, alisema kila kitu hivyo. Hakuwa amelia.

Nilda alifundisha chekechea; alijua mtoto wa miaka minne haelewi "kesho". Kwa hiyo alimpa Elvira sababu na kazi.

"Baba anakula kwanza. Wewe fukuza kuku wasimtangulie."

Elvira alilinda kwa ufagio mpaka usingizi ukamchukua, na asubuhi akarudi zamuni. Mara mbili mkono ulinyooka kuelekea mkate. Mara mbili aliurudisha mkono, akaukalia.

Saa sita ilipofika, sala zikaisha. Saturnina alimkabidhi mkate.

"Haya, mke mwenzangu, umenishinda. Kula."

Elvira aliugeuza huku na huku. "Bado. Baba hajala. Ona, mzima."

"Roho hula harufu, mjukuu wangu."

"Mama alisema anakula."

Wote wawili wakamtazama Nilda. Kanuni ilikuwa imeshikwa. Sababu aliyoitoa ndiyo iliyokuwa mbovu.

"Baba amekufa," alisema. "Hali tena. Nilisema vile ili usubiri."

"Nilda! Mbele ya meza yake?"

"Tunamwekea kwa sababu tulizoea kumpakulia kwanza. Basi."

Elvira alikunja uso. "Kwa hiyo nimesubiri bure?"

"Hapana. Mkono ulitaka, wewe ukaukataza. Hilo ni kweli."

Mtoto aliung'ata mguu wa mkate. Alitafuna polepole, macho hayatoki usoni mwa mama yake, kana kwamba anasubiri kuambiwa jingine.