Maneno ya Mama Saa ya Marudio

Mwandishi wa tamthilia alifanyia kazi zake jikoni, kwa sababu mama yake alishinda jikoni. Mama akimenya viazi alikuwa akisema, na binti akichapa kwenye kompyuta iliyokaa kati ya chumvi na maganda. Hivyo ndivyo alivyoandika miaka yote. Mama wa kwenye tamthilia, yule anayewafokea wanawe na kuwapenda kwa pumzi hiyo hiyo, alisema aliyoyasema mama wa jikoni, na watazamaji walimpenda mpaka basi.

Tatizo lilikuwa moja tu. Sentensi ikisharushwa hewani, haikumrudia tena mama mdomoni. Ya kwanza kwenda ilikuwa "Usiniletee uso wa jana." Jioni ilisemwa kwenye televisheni, asubuhi mama alifungua mdomo amwambie binti yake, akaufunga, akaendelea kumenya. Hakuna aliyekwenda hospitali. Jirani aliyekuja kuazima pasi alisema mama yake mdogo naye yalimkuta hayo hayo, ila yeye ilikuwa kwa redio.

Ikaenda "Mlango una komeo, mdomo wako je?" Ikaenda "Sijazeeka mimi, nimechoka tu." Hata "Umeamkaje?" ikaenda, siku ambayo onyesho lilikuwa fupi na Bosi akataka lijazwe. Mwandishi alijua anachokifanya. Aliona haya, tena haya ya kweli, lakini skripti zilitakiwa kila wiki, na maneno aliyoyatunga kichwani mwake yalirudishwa.

"Haya hayana mama ndani," Bosi alikuwa akisema, huku akitafuna kifuniko cha kalamu.

Bosi ndiye mtayarishaji. Jina lake ndilo lililotokea mwisho wa kila kipindi, mahali palipoandikwa "Mtunzi", kwa kuwa, alivyoeleza, watu wameshalizoea.

Mama akabaki na sentensi moja. Ni ile aliyomwambia binti yake kila aliporudi kutoka studio mabega yameshuka: "Kula kwanza. Utalia ukishashiba." Sasa akitaka maji aliisema hiyo. Mgeni akibisha hodi, aliisema hiyo. Binti alimwelewa kila mara, na aliapa kwamba hiyo haigusi.

Kisha ikaja sehemu ya msiba. Mama wa tamthilia amefiwa na mwanawe, mkwewe amekaa sakafuni, inatakiwa sentensi. Mwandishi akaandika, akafuta, akaandika, Bosi akafuta.

"Mama yako husemaje akikukuta unalia?"

"Hiyo siitoi, Bosi."

"Nipe hiyo, na safari hii jina litakuwa lako. Neno la mtu mzima hili."

Mwandishi alirudi nyumbani amechoka hoi. Alikuwa amelisubiri jina hilo tangu nywele zake zikiwa nyeusi. Akamweleza mama yote, bila kuficha, kisha akamuuliza: "Niitoe, mama?"

Mama akamtazama sana. Akasema, "Kula kwanza. Utalia ukishashiba," maana hakuwa na lingine la kusema. Binti akaichukua kuwa ni ruhusa.

Sehemu ile iliporushwa, watu walilia madukani, walilia kwa vinyozi. Kisha majina yakapanda. Mtunzi alikuwa Bosi.

"Aa, dada yangu," alisema Bosi kwenye simu, "yale majina yalishatengenezwa zamani. Sehemu ijayo, Mungu akipenda."

Kesho yake mwandishi aliingia jikoni macho yamevimba. Mama akamwekea sahani ya viazi. Akafungua mdomo. Akaufunga. Wala hakuonekana kushangaa. Alifuta mikono, akamshika binti yake mkono, akamketisha sebuleni na sahani yake, akawasha televisheni. Ilikuwa saa ya marudio. Wakasubiri pamoja, tangazo la sabuni likapita, msiba ukafika, na yule mwigizaji akainama kwa mkwewe akasema: "Kula kwanza. Utalia ukishashiba."

Mama akanyoosha kidole kwenye sahani.

"Nimesikia, mama," alisema binti, akaanza kula.

Majina yalipopanda, mama aliinuka na kitambaa cha jikoni, akapangusa kioo pale penye mtunzi, kama anayeondoa tone la mchuzi. Akapangusa tena, kwa nguvu zaidi. Jina halikutoka. Binti akamaliza viazi vyake vyote, na aliposhiba, akalia.