Jiwe la Penalti

Mama Masika alifika uwanjani kabla ya wachezaji, akapanga beseni zake nyuma ya goli la timu ya shule, Institut Tuinuke, mahali ambapo mawe huanguka kwa wingi. Wateja wake walikuwa wakingoja mawe ya kujengea ukuta.

Katika mechi nyingine matusi hubaki maneno. Tuinuke wakikutana na Lise Tusonge, matusi hutoka kinywani na kuanguka chini yakiwa mawe meusi ya volkano. Ilikuwa hivyo tangu wazazi wa wachezaji hawa waliposoma katika shule hizo mbili. Kumwambia kipa ana mikono ya sabuni kulitoa kokoto. "Urudi kwenu" ilitoa jiwe la kubebwa kwa mikono miwili.

Aliyekuwa akiambiwa arudi kwao ni Havugimana, kipa wa Tuinuke. Babu yake alihamia kutoka Rutshuru. Yeye alizaliwa hapa hapa, mtaa wa Majengo, katika parseli moja, ua mmoja, na Prodige, mshambuliaji wa Tusonge. Asubuhi hiyo walikutana bombani, kila mmoja na bidoni yake ya maji.

"Leo usinitupie jiwe," Havugimana alisema.

"Miye? Ata kokoto, hapana."

Dakika za mwisho timu zilikuwa sare. Mwamuzi akaonyesha penalti, Prodige akapewa mpira. Kapteni wake, Kataliko, alimsogelea.

"Umuambie ile neno kwanza. Atatetemeka."

"Nitapiga tu."

"Weye uko wa kwetu ao wa kwao?"

Mashabiki wa Tusonge walinyamaza ili wasikie. Mama Masika alisogeza beseni. Golini, Havugimana hakutazama mpira. Alitazama kinywa cha Prodige. Kinywa kilibaki kimefungwa. Shavu la kushoto likavimba polepole, kisha la kulia. Prodige akapiga. Havugimana alichelewa kuruka, na mpira ukapita kando ya mkono wake.

Tusonge walimbeba Prodige mabegani. Walipomtaka aimbe, alitikisa kichwa.

Havugimana alimngoja barabarani, kwa kuwa siku zote walirudi pamoja. Walitembea mpaka kelele za uwanja zikaisha.

"Tema," Havugimana alisema. "Meno itavunjika."

Prodige aliinama, akatema. Jiwe lilianguka katikati yao, la kubebwa kwa mikono miwili, bado lina joto.

"Sikuisema," alisema Prodige.

"Minajua. Ilikuwa ndani tu."

Mama Masika, aliyekuwa akipita na beseni kichwani, aliuliza kama linauzwa. Havugimana aliinama, akaliinua. Walilibeba kwa zamu hadi nyumbani.

Mbele ya mlango wa kina Havugimana palikuwa na ngazi iliyojengwa kwa mawe ya mechi zilizopita. Havugimana aliliweka jiwe juu ya mengine, akalikanyaga, akaingia kwao.

"Kuya, tukule," aliita kutoka ndani.

Tangu utoto Prodige aliingia mlango huo bila kutazama chini. Aliinua mguu kama alivyozoea, akajikwaa.