Kipaza Sauti Kwenye Kola

Kazini walimwita Bwana Huruma. Filamu zake za maisha ya watu ziliwaliza hata waliofuata kiyoyozi tu ukumbini. Akimhoji mtu, alivua viatu, akaketi sakafuni, akamshika mkono. Leso za karatasi alizibeba mwenyewe, kisha akaziweka mbali kidogo, maana machozi yakifutwa mapema kamera haiyaoni.

Fundi sauti wake, dada wa makamo, alikuwa na miaka sita ya kuijua huruma hiyo nje ndani.

Leo walikuwa kwa mjane, fundi cherehani. Alikubali kueleza alivyomuuguza marehemu mumewe, kwa sharti moja.

"Binti yangu msimguse. Hayo ni ya nyumbani."

"Nakuapia, mama yangu," alisema Bwana Huruma, mkono kifuani.

Walipopumzika, mjane alikwenda jikoni kwa mdogo wake, akasahau kipaza sauti kilichobanwa kwenye kola yake. Fundi sauti alinyoosha mkono azime kinasa sauti, lakini maneno yakamwahi kwenye hedifoni alizovaa: "Alikuja, mdogo wangu. Siku tatu anapiga hodi, mimi nimemfungia mlango. Baba yake akafa anamwita."

Fundi sauti alitafuta swichi. Bwana Huruma, ambaye machozi aliyanusa hata nyuma ya ukuta, aliona mistari ikiruka kwenye kinasa.

"Usizime! Analia?"

"Tulimwahidi, bosi."

"Tutaitumia kwa upendo. Ngoja nikachukue hedifoni zangu."

Alikimbilia garini pekupeku, maskini, kwa upendo. Aliporudi akihema, maneno ya jikoni hayakuwamo tena kwenye kinasa.

"Betri ya kipaza ilikufa," alisema fundi sauti. "Sikupata kitu."

"Huna huruma hata chembe!" Bwana Huruma alilengwalengwa na machozi, na safari hii leso zilikuwa karibu.

Mjane alikuwa amesimama mlangoni. Alishika kola yake, akaona kitaa chekundu cha kipaza bado kinawaka. Alimtazama fundi sauti kwa muda mrefu, na aibu ikampanda usoni, kisha ikashuka.

"Betri za siku hizi mbovu kweli," alisema, akikifunika kitaa kwa kiganja. "Mwanangu, njoo jikoni unisaidie. Kuna mtu nataka kumpigia simu, na namba yake sijaigusa siku nyingi."

Bwana Huruma aliruka na kamera begani.

"Wewe kaa hapo hapo, baba," alisema mjane. "Jifute machozi."