Mwito wa Foel Las

Lowri Pugh alipofika zizi la parokia, walikofungiwa wanyama waliokamatwa, alikuta kondoo wake wamepakwa rangi. Alama yake ya samawati ilikuwa imefunikwa kwa nyekundu ya lodi, yule bwana mwenye ardhi. Majike walisimama kwenye tope, matumbo yamewaingia ndani kwa njaa, wakimtazama yeye.

"Usiingie, shangazi," alisema Deio, mtoto wa kaka yake na mchungaji wa lodi. "Wameshauzwa. Lodi kawanunua."

"Mmewakamata ninyi, mmewauza ninyi, mmewanunua ninyi. Si mngeiba tu mkapumzika?"

Kosa la kondoo lilikuwa kupanda mlima wa Foel Las. Tangu mababu, mlima ule ulikuwa malisho ya parokia nzima, hauna ukuta. Kila kundi lilikuwa na cynefin yake, kipande cha mlima ambacho jike huonyeshwa na mama yake, naye humwonyesha mwanawe, na hata ukimfukuza atarudi palepale. Kisha sheria ikatoka London, mlima ukawa wa lodi, ukuta ukajengwa. Hakuna aliyewasomea kondoo sheria hiyo. Waliruka ukuta wakarudi kwao, wakakamatwa, na Lowri akatozwa faini asiyoweza kuilipa.

Lodi naye alileta kondoo wanene kutoka Uingereza. Hawakuujua mlima. Walitawanyika ovyo, wengi wakazama kwenye matope ya juu. Lowri alipokumbuka hilo, hasira ilimpanda. Kumbe faini ilikuwa kisingizio. Walichotaka ni kile kilichomo vichwani mwa kondoo wake.

Bwana Thornley, msimamizi wa mali ya lodi, alisema neno kwa Kiingereza bila kushuka kwenye farasi.

"Anasema ukiri mbele ya parokia kwamba mlima haukuwa wenu kamwe," Deio alitafsiri. "Atakurudishia wachache. Na nyumba, ingawa iko kwenye ardhi ya lodi, utabaki nayo."

"Mwambie awaulize kondoo."

Deio aligeuka, akaanza kufungua zizi.

"Mwambie, Deio. Au ulimi wako nao kaununua?"

Deio na mbwa wake waliwapandisha kondoo mlimani, Thornley akifuata juu ya farasi. Majike walipita lango la ukuta, wakaenda moja kwa moja chini ya miamba, mahali pao, wakaanza kula. Lowri alifuata hadi ukutani. Akaweka viganja mdomoni, akaita kama mama yake alivyokuwa akiita. Kundi zima likashuka mbio, likajibana upande wa pili wa ukuta, likilia. Mbwa wakalirudisha. Akaita tena, nao wakaja tena.

Thornley alisema jambo, polepole.

"Anasema kuwaita ni wizi." Deio alitafsiri. "Ukiita tena, kesho askari wanakuja kukuchukua na paa linang'olewa. Nyamaza, shangazi. Nakuomba."

Lowri alimtazama Deio alivyosimama na fimbo ya lodi mkononi, mbwa miguuni pake. Akavuta pumzi, akaita. Kondoo wakaja mbio ukutani, na Deio akawaachia mbwa.