Shahidi Asiyeitwa

…na tena jaji anauliza lile lile, kwa Kiingereza chake kisicho na haraka, na Gurubasappa, ambaye kwa miaka kumi na tisa ya kesi ameokota humo maneno machache tu, anayatambua yakipita, swali la sheria, swali la sheria ni lipi, na wakili wake Inamati anafunua kurasa kama mtu atafutaye miwani aliyoivaa… maana katika rufaa ya pili hawaulizi kisima ni cha nani, Inamati alimweleza asubuhi wakinywa chai, "Mzee wangu, ukweli wa shamba umeishia kule chini, mahakama mbili zimesema kisima ni cha binamu yako, hata kama zimekosea zimekosea kwa kauli moja, huku juu tunatafuta kosa la sheria, si jiwe la mpaka," lakini jiwe lipo, jamani, limezikwa katika udongo mweusi, angewachukua wote na majoho yao wakalifukue kwa mikono…

"Kaka," ananong'ona binamu yake Channappa, kwani wamekaa benchi moja, mahasimu wawili, ndilo pekee lililo chini ya feni, "huyu wako anatafuta nini humo, chawa?"

"Nyamaza, mwizi wa maji."

"Mwizi ana magoti mabovu. Sogea ninyooshe mguu."

Naye anasogea, hata kumchukia kumekuwa kibarua kisicho na jioni, wamezeeka pamoja katika mabenchi haya kuliko walivyokua pamoja… na sasa jaji anatikisa kichwa, Inamati amegusia nini, ushahidi mpya? haupokelewi, mzee, alionywa, mashahidi ni wale wale wa mwanzo, na wa mwanzo walikuwa nani, mlimaji mwenye kigugumizi na karani aliyeishika ramani juu chini, na mwaka ule wa kwanza Inamati, nywele zake zingali nyeusi, aliuliza, "Hakuna mwingine aliyekuwapo jiwe likizikwa?" akajibu hakuna… hakuna! na Nilavva je, dada yake, msichana wa miaka kumi na miwili, aliyeshika ncha ya kamba wakati baba na baba mdogo wakipima, kamba ikamchuna viganja asiiachie, Nilavva aliyekuja sikukuu ya Nagapanchami na ladu za ufuta akasema, "Kaka, niite mimi, kamba niliishika kwa mikono hii, wataniuliza nini kinishinde?" na mkewe jikoni, akipiga mkate wa mtama kwa viganja, pa, pa, pa, "Mwite, mwite tu, aulizwe yeye ni nani, aseme binti wa marehemu, na sheria ya siku hizi haimwachi binti mikono mitupu, ukiokoe kisima kutoka kwa binamu ukamgawie shemeji," basi akamwambia, mahakama si mahali pa mwanamke aliyekwisha olewa, naye akacheka, akavuta ushungi, hakudai fungu siku ile wala hadi leo, ila kila mwaka huuliza, "Kesi yetu imefika wapi, Kaka?" yetu, na kila mwaka neno hilo humshtua kama nyoka majanini… basi zile mahakama mbili zilikosea wapi, zilihukumu zilichoonyeshwa, ukweli haukufia mbele ya hakimu, yeye ndiye aliyeufungia jikoni akakaa na ufunguo, na miaka yote hii amepanda ngazi kuuliza nani kauficha…

"Dakika moja, Mheshimiwa," anasema Inamati, jaji anatazama saa, Channappa anasugua goti, na Gurubasappa, aliyelaani kila ahirisho la miaka kumi na tisa, haombi tena kushinda, anaomba jaji achelewe, achelewe kidogo tu, apate kutunga sentensi moja ya kumpelekea dada yake, nayo inaanza, Nilavva, mimi ndiye… inaanza upya, Nilavva, mimi… na karatasi zinafunuliwa bado.