Uzio Juu ya Mchanga

Barafu ya mto Deatnu ilipovunjika mwezi Mei, iliondoka na gati la jirani, miti ya mbetula isiyohesabika, na mkondo wa maji wa Ravdna. Pale ambapo ukoo wa mama yake ulisimamisha uzio wa kunasa samoni tangu enzi za mababu, sasa palilala mchanga mtupu. Maji yalikuwa yamehamia ng'ambo ya kisiwa.

Ravdna hakushtuka. Mto ni wa kuhama, na ukichoka huko hurudi. Kilichompandisha mori ni barua ya ofisi ya uvuvi. Uzio usimame penye alama ya ramani tu, na usiposimama kufikia saa sita mchana tarehe ishirini Juni, haki ya ukoo ya kuvua hapo imekufa na haifufuki. Aliomba alama isogezwe. Akajibiwa kwamba ombi litachukua miaka mitatu.

"Mto umehama kwa siku moja," alimwambia Jovnna, ndugu wa marehemu mumewe. "Wao kuhamisha kidoti tu, miaka mitatu!"

"Yaache, shemeji. Utakula viazi. Umri wenyewe huo."

"Kula wewe viazi. Meno yenyewe umebakiwa na mangapi?"

Tarehe kumi na tisa asubuhi, Ravdna alizibeba nguzo zake hadi kwenye alama. Kisha akarudi kuifuata mashua. Uzio hujengwa mtu akiwa ndani ya mashua; mama yake hakuwahi kusimika nguzo hata moja miguu ikiwa nchi kavu, na yeye hakuwa tayari kuwa wa kwanza. Akaikokota mchangani, akaipanda, akaimwagia nguzo ya kwanza kahawa kidogo kama ilivyokuwa desturi ya nyumba yao, akaanza kugonga.

Jovnna alicheka mpaka akashika mbavu. "Shemeji, angalia usizame!"

"Cheka. Ukimaliza, nishikie hii."

Alicheka kidogo tena, halafu akaona damu kwenye viganja vya Ravdna. Akavua kofia, akaingia mashuani.

"Sogea basi. Mbele nakaa mimi."

"Nyuma! Mbele hujawahi kupaweza tangu ujana wako."

Waligonga siku nzima, mbu wakiwala masikio. Watu barabarani walisimamisha magari kuwatazama wazee wawili wakijenga uzio jangwani. Ravdna aliona haya, na haya hiyo ikamzidishia nguvu za kugonga.

Kesho yake, saa sita kasoro robo, akafika Torgeir wa ofisi ya uvuvi, kijana mpole mwenye kifaa cha kupimia mahali. Aliuzunguka uzio mara mbili. Nguzo zilikuwa wima, nyavu zimefungwa, na Ravdna amekaa mashuani ameshika kasia.

"Mama, hapa hakuna maji."

"Kwenye ramani yako je?"

Torgeir alitazama kifaa. Pote palikuwa buluu. "Yapo."

"Basi nani muongo, mimi au ramani?"

"Lakini hautanasa samaki!"

"Barua inasema uzio usimame. Imesema unase?"

Kijana aliitoa barua, akaisoma, akairudia. Jovnna akakohoa kuficha kicheko. Ravdna hakucheka. Alijua kwamba mtu huyu akiandika neno moja tu, kazi ya mama yake na ya bibi yake ingefutika kama haikuwahi kuwapo.

Torgeir alishusha pumzi, akaandika: *Uzio umesimama mahali pake.* Akatia sahihi.

"Na mto usiporudi?" aliuliza.

"Mwakani nitasimika hapa hapa. Na mwaka wa pili. Mto ukirudi, utatukuta."

Kijana akatikisa kichwa, akageuza fomu. "Hapa chini wanataka jina la mahali. Ramani haina."

"Sisi tunalo. Andika Kilindi cha Áile. Áile ni mama yangu."

Torgeir aliutazama mchanga mkavu uliomfunika viatu. "Kilindi, mama?"

"Andika," alisema Ravdna.

Akaandika.